Shajara ya kiduha: ekari tatu za mahindi Nzega, kuanzia msimu wa 2022/23

Naandika hii kwa mtu yeyote mwenye shamba lenye kiduha, lile gugu linalonyonya mizizi ya mahindi, hasa nyie wa Nzega, Igunga, Uyui na majirani zetu wa Shinyanga mnaolima kwenye kichanga. Nilipoanza nilitafuta mtu aliyeandika alichofanya kwa hela yake mwenyewe na kikamtokeaje, nikakuta ushauri wa jumla tu, zungusha mazao, tumia mbolea, basi. Kwa hiyo hapa naweka kila hatua inapoisha, kilichofanya kazi, kilichogoma na kilichokula hela.

Shamba ni la familia, liko nje kidogo ya Nzega mjini, limelimwa mahindi tangu marehemu baba ana nguvu zake, mahindi juu ya mahindi, mtama mwaka mmoja mmoja mvua ikisumbua. Limeinama kidogo. Ekari ya juu ni luseni (kichanga) tupu, ya kati mchanganyiko, ya chini inagusa mbuga udongo ni mweusi mzito. Kiduha kimeshika juu zaidi, kati kiasi, chini kidogo sana. Kumaliza kabisa sijaahidi mtu, ninachotaka ni mbegu zilizoko ardhini zipungue mpaka mahindi yavunike, na ng'ombe wa kitongoji waendelee kupata mabua yao kama kawaida maana hapa kwetu bila hilo huishi na watu.

JANUARI 2023: mahindi yananyauka na ardhi ina maji

Kulima kwa plau, kupanda Desemba mwanzoni, palizi ya kwanza, yote yalienda kawaida siyarudii. Shida ni ekari ya juu. Mahindi yamefika magotini, mvua imenyesha juzi, ukichokonoa udongo kwa kidole una unyevu kabisa, lakini kufika saa tano asubuhi majani yameshajikunja kama kuna ukame na mengine yana mabaka ya njano. Mdogo wangu akasema ni mbolea, mama akasema tusubiri. Akapita mzee mmoja jirani, akanipa mwangaluka (salamu yetu ya asubuhi), akasimama ukingoni akaangalia sana halafu akasema, "Mwanangu, humo ndani kuna kiduha, bado tu hakijatoka." Nikamwambia mzee lakini sioni hata kimoja. Akanijibu, "Chimba."

Nikachagua shina moja lililodumaa, nikazungusha jembe mbali na shina kama futi moja, nikalinyanyua na donge lake lote nikaliweka kwenye ndoo ya maji nikaliacha udongo uachie wenyewe taratibu (usivute kwa nguvu, vitu vinakatika huoni kitu). Kwenye mizizi ya hindi kulikuwa na vichipukizi vyeupe laini, vina magamba madogo sehemu ya majani, kila kimoja kimejishikiza kwenye mzizi kwa kinundu, vingine virefu kama kidole vinapanda kuelekea juu, vingine ndio kwanza vinaanza. Shina moja hilo lilikuwa navyo vingi kiasi kwamba kuhesabu nilichoka. Na juu ya ardhi hakuna dalili yoyote! Hapo ndipo nilipoelewa kwamba ukiliona ua la kiduha, hindi limeshanyonywa wiki kadhaa.

Kwa asiyekijua: cha kwetu huku ni kile kifupi, hakifiki goti, majani membamba yanakwaruza ukiyashika, maua madogo mekundu yanang'aa. Wenzetu wa Kanda ya Ziwa wanacho pia kile kirefu chenye maua ya rangi ya waridi kuelekea zambarau, tabia ni ile ile. Kinashika mahindi, mtama, uwele, ulezi, miwa na mpunga wa nchi kavu, na kwenye nyasi pori pia kinaishi. Karanga, pamba na alizeti hakizishiki. Mmea mmoja unaweza kutoa mbegu hadi 50,000, ukipasua kidonge kimoja kilichokauka juu ya karatasi nyeupe kinamwaga vumbi la kahawia tu, hilo vumbi ndio mbegu zenyewe. Zinakaa ardhini zaidi ya miaka kumi zikisubiri. Haioti mpaka inuse kemikali inayotoka kwenye mzizi wa zao inalolipenda, na hindi lenye njaa ya mbolea linaimwaga kemikali hiyo kwa wingi zaidi, ndio maana luseni yetu iliyochoka imekuwa nyumba yake.

FEBRUARI 2023: dawa ya kupulizia

Vilitoka. Wiki ya kwanza kimoja kimoja, wiki iliyofuata ekari ya juu yote imekuwa nyekundu chini ya mahindi. Duka la pembejeo wakanipa dawa ya magugu inaitwa 2,4-D, lita moja elfu kumi na tano, bomba nikakodi elfu tano. Kwa haki kabisa dawa inaua kiduha kilichotoka, siku chache kimejipinda kimekauka na hindi halidhuriki ukipuliza vizuri chini. Ila mambo mawili.

La kwanza, vilivyo chini ya ardhi havina habari na dawa. Baada ya mvua mbili tatu vikatoka vingine pale pale, na hindi ambalo lilishadumaa halikurudi. Unaua kilichokwisha kula.

La pili ndilo lililouma. Upande wa magharibi jirani alikuwa na pamba. Nilipuliza mchana upepo ukiwa umeanza, na pamba haivumilii 2,4-D hata kidogo, hata mvuke unaopeperushwa tu. Baada ya siku kadhaa mistari ya pamba iliyopakana na mimi ikaanza kutoa majani mapya membamba, yamechanika vidole vidole, vitumba vikadondoka. Tulikaa na jirani na wazee wawili, tukakubaliana elfu sitini, nikalipa. Marekebisho kwa atakayetaka kuitumia: alfajiri tu kabla ya upepo, pua ya bomba chini kabisa karibu na ardhi, na kama jirani ana pamba, karanga, kunde au maharage upande upepo unakoelekea basi acha kabisa. Na kwenye mahindi uliyochanganya na kunde usithubutu, kunde zote zinaondoka. Mimi nimeitoa kwenye mpango.

APRILI 2023: kung'oa, na lundo la ukingoni

Tukaingia kung'oa kwa mkono. Hapa kuna mambo madogo yanayobadilisha kila kitu.

Ukikishika juu kinakatika usawa wa ardhi na kinachipua tena, shika chini kabisa kwenye udongo, na ng'oa siku inayofuata mvua. Wakati ni pale maua yanapoanza kufunguka. Ukiwahi sana vinatoka vingine kila siku unamaliza nguvu, ukichelewa vidonge vimeshakauka na wewe ndiye unayevitikisa ukipita.

Vilivyong'olewa tulivirundika ukingoni mwa shamba tukaona kazi imeisha. Baada ya wiki mbili nikapita nikakuta vidonge kwenye lile lundo vimekomaa, vimepasuka, vumbi limemwagika. Kumbe kiduha kilichong'olewa na maua kinaendelea kukomaza mbegu kikiwa kimelala hapo hapo. Tangu hapo tunatembea na viroba, kikitoka ardhini kinaingia kwenye kiroba moja kwa moja, jioni vinamwagwa kwenye shimo lililoko karibu na nyumba, vikikauka moto. Pale lilipokuwa lundo tulichoma na majani makavu juu yake lakini bado napaangalia kila msimu, nimeweka jiwe.

Kingine, huku kwetu ikifika Machi palizi imeisha watu wanahamia kwenye mpunga mbugani, na kiduha cha Aprili na Mei kinabaki peke yake shambani kinatoa mbegu raha mustarehe, hata baada ya mahindi kuvunwa ili mradi kina ubichi kinaendelea. Mbegu nyingi za mwaka unaofuata zinamwagwa hapo, wakati hakuna mtu anayeangalia.

JUNI 2023: mavuno na hesabu ya mwaka wa kwanza

Juu gunia 1. Kati gunia 2. Chini gunia 4. Jumla saba kwa ekari tatu.

Matumizi yaliyohusu kiduha peke yake: dawa 15,000, bomba 5,000, fidia ya pamba 60,000, vijana wa kung'oa 45,000. Palizi ya kawaida ilikuwa elfu arobaini kwa ekari. Kwa ekari ya juu ni hasara tupu, gunia moja halilipi hata plau.

AGOSTI 2023: ng'ombe, mabua na plau ya kukodi

Hii sehemu nimeiweka peke yake kwa sababu kila nikisoma ushauri wa kiduha unazungumzia shamba moja lenye uzio ambalo huku halipo. Huku mahindi yakishatoka shamba ni la wote, ng'ombe wanaingia kula mabua mpaka ngitili (malisho tuliyoyatenga ya kiangazi) zifunguliwe, na hiyo ni desturi nzuri, kiangazi kikiuma bila mabua mifugo inakufa. Lakini mbegu za kiduha zinatembea na kwato zenye tope, na ng'ombe akila viduha vyenye mbegu nyingine zinapita tumboni zinatoka kwenye samadi zikiwa hai.

Nilienda kwa mwenyekiti wa kitongoji, akaweka ajenda kwenye mkutano. Mwanzo wafugaji walidhani nataka kufunga mashamba, mzee mmoja akasimama akasema kabisa, "Kijana, sisi mabua tunakula toka kwa babu zako." Nikasema shikamoo mzee, sijaja kufunga. Nikatoa karatasi nyeupe, nikapasulia vidonge viwili juu yake, karatasi ikapita mkono kwa mkono, nikaeleza kwamba hivyo ndivyo vinavyotoka kwangu vinaenda kwako kwenye mguu wa ng'ombe. Wengi walikuwa wanalijua ua, mbegu walikuwa hawajawahi kuiona. Makubaliano yakawa hivi: mwenye shamba ang'oe kiduha chote kabla hajafungua, akishang'oa anamwambia mwenyekiti, ng'ombe wanaingia. Asiyeng'oa hafungui. Wafugaji wenyewe ndio waliokuja kuwa wakali kwa wakulima wavivu maana mabua yanachelewa.

Na plau. Plau ya kukodi inatoka shamba hadi shamba na udongo wake. Sasa nalimisha ya chini kwanza, ya kati, ya juu mwisho, na plau inakwanguliwa na kusuguliwa kwa brashi ya chuma kabla haijaingia kwangu na kabla haijatoka. Mwenye plau alinuna siku ya kwanza, nikamwongeza elfu mbili, sasa anafanya mwenyewe.

OKTOBA 2023: mpango wa msimu wa pili

Afisa ugani wa kata alinielekeza kwenye kituo cha utafiti cha Tumbi pale Tabora, nikapata maelezo mazuri, na nauli nilienda na shughuli nyingine kwa hiyo siihesabu.

Nilichokielewa ni hiki. Kuna mazao ambayo mizizi yake inaidanganya mbegu ya kiduha. Inanusa, inaota, halafu inakuta mzizi si wa kwake haiwezi kujishikiza, inakufa njaa. Karanga ni mojawapo, soya, pamba na alizeti pia. Marekani kiduha hiki hiki chekundu kilionekana kwenye majimbo ya Carolina mwaka 1956, serikali yao ikapambana nacho miongo mingi, na njia yao kubwa mojawapo ilikuwa kupiga gesi ya ethilini ndani ya udongo ili mbegu ziote bila kuwepo hindi zife. Sisi gesi hatuna, ila karanga tunazo, na karanga unakula.

Kwa hiyo ekari ya juu nusu karanga, nusu mtama aina ya Hakika. Hakika na Wahi ni mbegu za mtama zilizotolewa hapa nchini mwaka 2002 kwa sababu zinahimili kiduha. Ekari ya kati mahindi na samadi, chini mahindi kama kawaida. Mbegu za karanga nusu ekari zilinigharimu kama elfu sabini, hicho ndicho kitu cha bei kubwa kwenye mpango huu na ndicho kinachowashinda watu. Mbegu ya mtama nilisumbuka kuipata, niliagiza kwa mtu wa Dodoma ikaja kwenye basi.

FEBRUARI 2024: El Nino na furaha ya uongo

Mvua za msimu huu kila mtu anazijua. Ekari ya chini imesimama maji, mahindi ya njano. Lakini juu na kati viduha vimetoka vichache sana kuliko mwaka jana, hata kwenye mashamba ya watu ambao hawajafanya chochote, na hapa kitongojini watu wameanza kusema kiduha kimeisha, mvua imekiosha.

Hakijaoshwa jamani. Udongo ukilowa kupita kiasi mbegu nyingi hazioti, zinarudi kulala. Bado zimo. Naandika hili kwa herufi nzito kama ningeweza, kwa sababu mtu akipima mradi wake kwa mwaka wa mvua nyingi ataona kila alichofanya kimefaulu, ataacha, na mwaka wa mvua za kawaida kitamrudia. Ndio maana nimeamua kutolinganisha mwaka na mwaka, nalinganisha kipande na kipande ndani ya msimu mmoja, na pembeni ya kila kipande nimeacha mistari michache ya mahindi matupu bila kitu ya kupimia. Kwenye mistari hiyo ya juu viduha vipo, kwenye karanga hakuna (na hapo usijidanganye tena, hakionekani kwa sababu hakiwezi kushika, kazi unaiona mwaka unaofuata).

Kwenye mtama vimetoka vichache na mtama haujatikisika. Ila ndege. Tuliweka mtu wa kulinda kuanzia punje zinapojaa, elfu thelathini, na bado tulipoteza masuke ya upande wa miti.

APRILI 2024: samadi ilileta kiduha

Hili lilinishtua. Ekari ya kati nilimwaga samadi kwenye matuta kabla ya kupanda, samadi haikutosha nikaongeza toroli kadhaa kutoka zizi la ndugu mmoja. Matuta yenye samadi yetu ya zamani, iliyokaa kama mwaka, mahindi mazuri ya kijani na viduha vichache. Matuta yenye samadi ya kuongeza, ambayo ilikuwa mbichi, imetoka zizini moja kwa moja, yametoa viduha kwa mpangilio kabisa, unaona mstari mwekundu unaanzia pale toroli lilipoanzia na unaishia pale lilipoishia, sehemu ambayo mwaka jana haikuwa navyo. Nikafuatilia, ng'ombe wa zizi hilo walishinda kwenye mabua yenye kiduha kiangazi chote.

Samadi ni nzuri na luseni bila samadi ni kazi bure, ila lazima iive. Tulichofanya ni kulundika samadi, mabua yaliyokatwakatwa na majani mabichi kwa tabaka, unamwagia maji, unafunika kwa nyasi na udongo kidogo. Katikati unachomeka fito ndefu. Baada ya siku chache unaichomoa unaishika, ikiwa ya moto kiasi mkono unaiachia basi lundo linapika, ikiwa vuguvugu tu hakuna kinachokufa humo. Inatakiwa lifike kama nyuzi 55 au zaidi, na uligeuze ya nje iende ndani, urudie mpaka likigeuzwa halipandi joto tena. Lundo la kwanza tulianza Julai, likagoma, fito inatoka ya baridi kabisa, ndani mmekauka na maji ya kiangazi tunanunua kwa pipa kwenye mkokoteni wa punda. Marekebisho ni kulundika Aprili mwishoni mvua za mwisho zikiwepo, mvua inalilowesha yenyewe. La pili lilipika vizuri.

JULAI 2024: mavuno, na desmodiamu iliyokufa

Karanga gunia 4 za maganda, zililipa mbegu na palizi zikabaki za kula na za mbegu. Mtama gunia 2. Mahindi kati gunia 4, chini 4, maji yaliiharibu.

Nilijaribu pia ile njia ya kusukuma na kuvuta waliyoianzisha Kenya, unapanda desmodiamu (mmea wa malisho jamii ya mikunde) katikati ya mistari ya mahindi, mizizi yake inazuia kiduha, na pembeni unazungushia majani ya mifugo ya kuvuta bungua, yule mdudu anayetoboa mabua. Nilipata vipandikizi kwa mtu anayefuga ng'ombe wa maziwa, nikapanda kipande kidogo. Masika ilistawi na chini yake viduha vilikuwa vichache sana, kweli inafanya kazi. Kuja Juni mvua zimekata, Julai shamba limefunguliwa, ng'ombe wakaipenda kuliko mabua wakaila mpaka shina, iliyobaki jua likaimaliza. Huko magharibi ya Kenya wana mvua mara mbili kwa mwaka na mashamba yana ua, sisi mvua moja halafu kiangazi toka Mei mpaka Novemba na mifugo huria. Mwenye uwezo wa kuzungushia uzio nusu ekari aijaribu, inalipa mara mbili maana ni chakula cha ng'ombe. Mimi nimeiacha kwa sasa.

JANUARI 2025: mahindi yanarudi juu

Nusu ekari iliyokuwa karanga imepandwa mahindi, iliyokuwa mtama imepandwa karanga. Mbolea ya ruzuku, DAP mifuko miwili na urea miwili, kila mfuko elfu sabini na kitu, jiandikisheni mapema maana namba ya mkulima ikisumbua Novemba ndio imekula kwako. DAP kwenye shimo wakati wa kupanda, samadi iliyoiva kiganja kimoja kila shimo badala ya kumwaga tuta zima, hii inatosha ekari nyingi zaidi.

Nimechimba tena mashina kwa ndoo kama mwaka wa kwanza, matatu kwenye mahindi yaliyofuata karanga, matatu kwenye mistari ya kupimia ambayo imekuwa mahindi mwaka hadi mwaka. Ya kupimia mizizi imejaa vichipukizi vyeupe kama zamani. Ya baada ya karanga, shina moja halina kitu kabisa, mawili yana vichache, na mizizi yenyewe mingi, minene. Mama alikuja kuangalia kwenye ndoo, akayageuza geuza, akasema karanga mwakani ziende mpaka kwenye mahindi ya nyumbani.

APRILI 2025: kung'oa kwa zamu

Kwa sababu vimepungua kung'oa kumekuwa kazi ya kawaida, tunapita kila wiki kuanzia maua ya kwanza mpaka Mei, hatuachi Machi tena. Tumefanya zamu na majirani watatu, leo kwangu kesho kwako, kila mtu na kiroba chake, kwa hiyo hela ya vijana imebaki elfu kumi na tano tu kwa msimu wote. Jirani wa pamba naye yumo.

Tatizo lililobaki ni ukingo wa juu. Kuna nyasi pori pale kwenye mpaka na njia ya ng'ombe, kiduha kinaishi humo kwenye nyasi na mvua ikinyesha maji yanatiririka kushuka kwangu na mbegu zake. Tumechimba mtaro mdogo wa kukinga maji upande wa juu na nyasi za ukingoni tunazifyeka kabla hazijafika magotini. Mtaro ulibomoka mara ya kwanza kwa sababu kichanga hakishiki, tukapanda mkonge kwenye tuta lake, sasa umetulia.

JUNI 2025: mavuno ya msimu wa tatu

Juu, mahindi nusu ekari gunia 4. Nusu ya karanga gunia 3 za maganda. Kati mahindi gunia 5. Chini 7. Jumla ya mahindi gunia 16 kwa ekari mbili na nusu, dhidi ya saba kwa ekari tatu mwaka wa kwanza. Mistari ya kupimia ya juu haikutoa hata debe la maana, mabua tu.

Matumizi ya msimu: mbolea laki tatu kasoro kidogo, kung'oa 15,000, plau na brashi 2,000 ya ziada, mbegu za karanga sikununua zilitoka kwenye zangu. Mbolea ndiyo imebeba gharama na sijidanganyi kwamba ongezeko lote ni la kufukuza kiduha, sehemu kubwa ni DAP, lakini mbolea hiyo hiyo kwenye mistari ya kupimia haikuokoa kitu.

Mpango wa Novemba: juu nusu iliyokuwa na mahindi inarudi karanga, iliyokuwa na karanga inapata mahindi. Kipande chenye samadi mbichi pale kati nacho kinaingia karanga. Lundo la samadi lilipikwa Aprili limefunikwa linasubiri. Ukingo wa juu nataka kupanda alizeti mistari michache nione itafanya nini kwa mbegu zinazoteremka na maji.

Karanga za mbegu nimetenga debe tatu zaidi ya zangu. Mtu wa karibu anayetaka kujaribu kipande chake aje kabla ya Oktoba kuisha, anachukua debe sasa anarudisha debe akivuna, sharti ni moja tu aache na yeye mistari ya kupimia.